Manowari ya Fundi

Kuna mtu mmoja ambaye akitajwa mbele yangu, natoa simu mfukoni na kujifanya nasoma ujumbe. Watanzania waliokaa Doha miaka ile ya elfu mbili na kitu wanamkumbuka vizuri, na kila mmoja ana kisa chake cha kuchekesha juu yake. Ninavyo vingi kuliko wao wote, maana nimelala naye chumba kimoja kule Najma miaka minne. Lakini sichangii. Nasoma ujumbe usiokuwepo mpaka mazungumzo yahamie kwenye mpira.

Tulimwita Fundi, basi. Alikuwa seremala wa hoteli moja ya Al Sadd, mtu wa Unguja, na mimi mtu wa Tanga nilikuwa dereva wa hoteli hiyohiyo. Hata mudir, yaani meneja wetu, alimwita Fundi. Nadhani aliamini ndilo jina lililoandikwa kwenye pasipoti. Alikuwa amenizidi umri miaka ishirini na ushei, kwa hiyo kila asubuhi nilimpa shikamoo yake kabla sijavaa viatu. Aliipokea bila kuinua macho, kwa sababu saa hiyo alikuwa anachua magoti yake kwa dawa. Magoti ndiyo yaliyokuwa yanamtesa. Miaka ya kupiga magoti mbele ya makabati na kupandisha milango ghorofani ilikuwa imeyamaliza, naye alijua kwamba siku ngazi zikimshinda, mkataba wake hautaongezwa. Alichokitaka katika dunia hii kilikuwa kidogo tu: kazi ya mikono ambayo mtu anaifanya akiwa amekaa.

Alikuwa na mazoea ya kugonga mbao. Kabla hajakata, kabla hajapiga randa, aligonga mara mbili kwa kifundo cha kidole na kutega sikio. Hakuishia kazini. Tukialikwa pilau kwa watu, Fundi anagonga kwanza meza ya mwenyeji, ndipo anaketi. Mwenyeji mmoja akamuuliza kwa mzaha meza yake inasemaje, Fundi akamwambia inasema imeuzwa kwa jina la mti lakini yenyewe ni unga wa mbao na gundi. Watu walicheka mpaka wakapaliwa. Yeye hakucheka, alikuwa ameulizwa swali na amelijibu.

Kwa misumari alikuwa mchoyo, tena mchoyo hasa. Alikuwa na kopo la maziwa ya watoto lililojaa misumari aliyoing'oa na kuinyoosha mmoja mmoja. Ukimwomba mmoja atakuuliza wa nini, wa wapi, ukuta wa namna gani, kisha anakuja kuupigilia mwenyewe, usije ukaupinda. Mtu huyohuyo, nilipotua Doha mwezi wa Januari na begi moja, nikidhani Uarabuni hakuna baridi, alinitupia blanketi lake na yeye akalala na koti. Blanketi lile sijalirudisha mpaka leo. Sijui kwa nini nalitaja. Labda kwa kuwa ni deni dogo kuliko lile jingine nitakalolisema.

Na hakuwa mtu wa kusema "mafi mushkil". Aliyewahi kutumika Doha anaelewa ninachosema. Bosi hajamaliza sentensi, wewe umeshamwambia mafi mushkil, hakuna shida. Ndipo unatoka nje kuitafuta shida yenyewe ilivyo. Wahindi, Wanepali, sisi, sote tulijibu hivyo, na mimi nilikuwa bingwa. Naulizwa kama nitafika uwanja wa ndege kwa dakika kumi, na hapo niko upande wa pili wa mji kwenye foleni: mafi mushkil. Fundi akiulizwa kitu, alijibu kwa Kiarabu chake cha kuokoteza kwamba asubiriwe akaangalie kwanza. Mudir alikereka waziwazi. Lakini mlango aliouangalia Fundi haukurudi tena karakana.

Sasa nije kwenye manowari. Mgeni mmoja aliondoka hotelini akasahau chumbani kitabu kikubwa cha michoro. Kikakaa stoo, mwenyewe hakukidai, na watu wa usafi walipotaka kukitupa Fundi akakiomba. Kilikuwa kinaeleza maisha ya manowari moja ya Waingereza ya karne ya kumi na tisa, toka ilipochorwa mpaka ilipouzwa kuwa chuma chakavu. Ilikuwa katika zile za mwanzo kuvikwa chuma: ndani mbao nene za msaji, nje mabamba ya chuma, chini injini ya mvuke, na juu bado wameweka milingoti na matanga, kwa sababu wenyewe walikuwa hawajaamua wauamini moshi au upepo. Katikati ya sitaha ulisimama mnara wa duara wenye mizinga miwili, mnara wenyewe unazunguka. Mbele, chini ya maji, ilikuwa na pembe ya chuma ya kutobolea meli za watu. Fundi aliitazama michoro ile wiki nzima, kisha akaniambia, "Mie Kiingereza changu cha milango tu. Nisomee."

Nikawa namsomea kila Ijumaa baada ya swala, chai ya karaki mkononi. Kusema kweli, changu nacho kilikuwa Kiingereza cha barabarani. Nikikutana na neno gumu naliruka, nikikutana na mstari mgumu natunga wa kwangu. Siku moja nilitunga ukurasa mzima wa injini. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaweka kidole kwenye mchoro, akasema, "Hapa umeruka." Hakugomba. Alisubiri tu, na kungoja kwake kulikuwa kubaya kuliko kugombezwa. Ikabidi nikaazime kamusi kwa dada mmoja Mkenya wa mapokezi na kuuanza ukurasa upya.

Kilichonishangaza ni kwamba Muunguja huyu alikuwa anaiogopa bahari. Tukienda kupunga upepo Kornishi anaipa mgongo, anaangalia magari. Boti ya kwenda Dar ilikuwa inamtapisha kabla haijaacha gati. Na vita alivichukia; taarifa ya habari ikianza kuonyesha mabomu, anatoka nje. Nikamuuliza, sasa chombo cha kuulia watu unakipendea nini? Akasema mizinga haimhusu, anampenda yule aliyekaa na penseli akakubali kwamba kila kitu kina uzito wake. Ukiongeza unene wa chuma, itabidi upunguze kimo cha ubavu. Ukiweka mnara juu, kuna kitu lazima ukiteremshe chini.

"Mchoraji wa meli hadanganyi mtu," alisema. "Akidanganya, maji yatamuumbua."

Alipenda pia utumishi wa manowari ile, ambao mimi niliuona wa kusikitisha. Iliundwa iwe tishio la dunia, na maisha yake yote haikupigana vita hata kimoja cha maana. Ilizungushwa kwenye bandari za watu, mpaka za Ghuba, ikapiga mizinga ya salamu, na muda si mrefu meli mpya zikaipita. Wakaing'oa milingoti, wakaishusha mizinga, wakaifunga bandarini iwe ghala la makaa ya wenzake. Ukurasa mmoja ulikuwa na picha ya wachochea makaa, wanaume weusi waliosimama kwenye ngazi ya kuteremkia chini, na maelezo kwamba walichukuliwa pwani ya kwetu kwa kuwa walidhaniwa wanastahimili joto la huku. Fundi alinirudisha kwenye picha ile mara nyingi. Alisema wenzetu walishafika Ghuba kabla yetu, tena walikaa chini zaidi kuliko sisi.

Kuiunda kulimchukua miaka miwili, kwenye meza ya kukunja iliyowekwa kati ya vitanda vyetu. Msaji aliupata kwenye viti vya bustani vilivyovunjika hotelini. Bamba alilipata kwenye makopo ya mafuta aliyoyapasua na kuyalaza. Mnara ulikuwa kopo la samaki, unazunguka kwa golori alizozitoa kwenye gurudumu la kiti cha ofisini. Sehemu ya katikati ya sitaha ilifunguka kwa vijiti vinne, ili mtu aone injini na, chini kabisa, farumi, ule uzito unaolazwa tumboni mwa chombo kisipinduke. Farumi yake ilikuwa chubwi thelathini za risasi, zile za kuzamishia mishipi, alizozinunua duka la wavuvi. Alizipanga ndani ya beseni la kufulia kwa majuma mengi, moja kulia, moja kushoto, akishuka kwenye magoti yale yale mabovu kutazama maji yamefika wapi. Mwisho manowari ikakaa chini kama ilivyokuwa mama yake ya kitabuni, mstari mwekundu aliouchora ubavuni umezama wote, sitaha imebakiza vidole vitatu tu kugusa maji.

Na kitabu kilikuwa na sura ya meli nyingine ya aina hiyo, ambayo ilichorwa vizuri lakini ikaja kuwa nzito juu na fupi ubavuni. Upepo ulipoilaza haikuinuka tena, ikazama na karibu watu wake wote. Fundi aliipenda sura hiyo kwa namna mtu anavyopenda onyo. Nilimsomea mara tatu. Nasisitiza jambo hili ili asitokee wa kunihurumia na kusema sikujua.

Mdomo wangu ndio uliomfikishia mudir habari. Nilimwonyesha picha kwenye simu, nikajisifu kwamba ni kazi ya chumbani kwetu. Mudir akafurahi. Alikuwa na rafiki mwenye karakana inayotengeneza mifano ya majengo na vyombo kwa ajili ya maonyesho, mtu anayetafuta mikono ya aina hiyo. Ikapangwa Alhamisi jioni, hafla ya wageni uani mwa hoteli, manowari ielee kwenye bwawa dogo na yule rafiki aje aione. Akiridhika, atamchukua Fundi. Nilimpelekea Fundi habari hiyo, na kesho yake alikwenda kununua shati jeupe, na usiku nilimsikia akiligusagusa kwenye mfuko wake wa plastiki.

Asubuhi ya Alhamisi mudir aliniita nimwendeshe. Njiani akaitazama tena ile picha. Akasema mbona chombo kinaonekana kama kinazama, wageni watacheka; je, hakiwezi kuinuliwa kidogo, ule mstari mwekundu wa ubavuni ukaonekana?

Mafi mushkil, nikasema.

Nilitakiwa niende moja kwa moja kwa Fundi. Sikwenda. Nilijua atasema akaangalie kwanza, kisha atasema haiwezekani, halafu mimi ndiye nitakayerudi kwa mudir na uso wangu kumwambia niliahidi kitu kisicho changu. Basi jioni ile, kwenye maegesho ya chini ya hoteli, Fundi akiwa ameingia msalani kubadili shati, nikafungua vijiti vinne vya sitaha. Nikatoa chubwi kumi na mbili, nikazitia kwenye mfuko wa plastiki wa bakala, duka la mtaani, nikausukuma chini ya kiti cha dereva. Nilijiambia ameweka nyingi mno, mzee huyu anazidisha kila kitu.

Ilipowekwa bwawani ilipendeza, siwezi kusema uongo. Ilisimama juu, mstari mwekundu wote nje, na wageni wakapiga makofi. Fundi hakupiga. Aliikunjia uso, akainua mkono kama anayetaka kusema subirini, lakini mudir alikuwa ameshainama kumwonyesha rafiki yake maajabu ya mnara unaozunguka. Akausukuma kwa kidole. Mizinga ikageuka ikaangalia ubavuni, manowari ikalala upande huo, ikaendelea kulala, na ikapinduka. Tukaona mkuku wake, uti wa chini ya tumbo, mtupu, ambao hakuna aliyeupaka rangi kwa sababu haukuwa wa kuonwa na mtu.

Watu walicheka. Si kicheko kibaya, kicheko cha hafla tu. Rafiki wa mudir alitabasamu kwa adabu na kuulizia kahawa. Fundi alishuka kwenye magoti, shati jipya likagusa maji, akaitoa manowari na kuishika mikononi kwa muda, anaipandisha na kuishusha. Halafu akaniangalia. Nikaangalia vigae vya bwawa. Vilikuwa vya bluu, vingine vimepasuka pembeni. Ningeweza kuvichora hata leo.

Mudir akamuuliza vipi, Fundi. Naye akajibu kwa Kiingereza chake cha milango, maneno mawili, kwamba kosa ni lake.

Hapo ndipo nilipopata nafasi ya kusema, nayo ilikuwa pana. Nilikuwa nimesimama hatua tatu tu. Nikanyamaza. Nikanyamaza pia garini tulipokuwa tunarudi, na Ijumaa, na Ijumaa nyingine, mfuko ule ukiwa umehamia chini ya nguo zangu kabatini. Fundi hakuniuliza kitu. Aliendelea kupokea shikamoo zangu na kuchua magoti yake, isipokuwa hakuniomba tena nimsomee. Baada ya miezi michache ngazi zikamshinda kweli, mkataba ukaisha, akaniaga kwa heshima zote, akaondoka na manowari yake ndani ya shuka. Mimi mudir alinipenda kwa wepesi wangu wa kujibu. Alinifanya mkuu wa madereva.

Nilidhani amerudi Unguja. Nilitaka iwe hivyo, maana aibu ikiwa ng'ambo ya bahari unaweza kula na kulala. Nilihama vyumba mara tatu, na kila nikihama nilijikuta nimeufunga ule mfuko pamoja na vyombo, sikuweza kuutupa. Ilipita miaka minane. Mji ukachimbwa kote kwa ajili ya treni ya chini, Najma yenyewe ikabomolewa vipande, na siku moja yule dada Mkenya wa mapokezi akanisimamisha mlangoni. Alikuwa amekwenda Umm Salal, nje ya mji, kununua mboga.

"Si ni wewe ulikuwa unaishi na yule Fundi?" akasema. "Nimemwona huko, kwa shamba ya Mwarabu mmoja, anatengeneza boma za mbuzi. Ameniuliza kama bado unaendesha."

Ijumaa iliyofuata baada ya swala nikachukua gari na mfuko wangu, nikaenda.

Nilimkuta amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, nyuma ya banda, magoti yamefungwa vitambaa, anagonga ubao. Mara mbili, akatega sikio. Ndevu zilikuwa zimekwisha kuwa nyeupe. Nikampa shikamoo, akaipokea, na safari hii aliinua macho. Akaniuliza habari za Tanga, za mama, za mudir. Akanimiminia chai. Pembeni yake lilikuwepo birika la saruji la maji ya kumwagilia, na ndani ya birika, imefungwa kamba kwenye bomba, ilikuwa inaelea manowari. Makopo yalikuwa yameota kutu kidogo. Ilikaa chini, vidole vitatu.

Nilikuwa nimeyapanga maneno toka Doha. Nikaanza: kwamba siku ile mudir alinibana, kwamba wageni walikuwa wengi, kwamba nilikuwa kijana na sikujua uzito wa jambo, kwamba nilitoa chubwi chache nikiwa na nia ya kumsaidia. Akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaweka kidole kwenye sitaha.

"Hapa umeruka," akasema.

Akasubiri. Mbuzi walikuwa wanalia na jua lilikuwa linanichoma shingo. Nikaanza upya. Nikasema nilikuwa najua, maana sura ile nilimsomea mwenyewe. Nikasema nilitoa kumi na mbili kwa sababu niliogopa kuonekana muongo kwa mtu mmoja. Nikasema kwamba aliposema kosa ni lake, mimi moyoni nilipumua, nilifurahi, na hicho ndicho ambacho sijawahi kumwambia mtu.

"Mie nilijua toka nilipoinyanyua majini," akasema. "Mkono ulinambia."

Nikamuuliza kwa nini hakusema.

"Ningesema mie, ungekuwa umekamatwa. Nilitaka useme wewe. Nikadhani utasema garini." Akanywa chai. "Halafu nikadhani Ijumaa."

Alinyoosha mkono akausukuma mnara kwa kidole. Mizinga ikageukia ubavuni, manowari ikainama kidogo, ikafikiri, ikarudi. Tuliitazama mpaka maji yakatulia. Ndipo nikautoa mfuko, ule ule wa bakala, plastiki imekwisha kuwa ngumu, nikamwekea mkononi. Akaupandisha na kuushusha vilevile kama siku ile bwawani. Nilikuwa tayari kufungua vijiti vinne mimi mwenyewe na kuzirudisha moja moja, wallahi nilikuwa tayari.

Akanirudishia.

"Nishaijaza zamani, mwanangu," akasema. "Ukiongeza hizo, itazama."

Akachukua ubao wake, akaugonga mara mbili. Nikabaki nimesimama kwenye jua na mfuko wangu, na alikuwa hajanifukuza.